Lugosi au Karloff: uanze na nani?

Ukitaka kuingia kwenye filamu za kutisha za zamani, utakutana na majina ya waigizaji wawili: Bela Lugosi, mzaliwa wa Hungaria, na Boris Karloff, Mwingereza aliyezaliwa William Henry Pratt. Wote walivuma Hollywood mwaka 1931, Lugosi kwa Dracula, akiigiza mnyonya damu wa jina hilo, Karloff kwa Frankenstein, akiigiza zimwi lililoundwa kwa viungo vya maiti.

Lugosi ana sauti. Anavuta kila neno taratibu kwa lafudhi ya kwao, huku macho yamekukazia. Lakini lafudhi hiyohiyo ilimfunga, kazi nyingine zikawa adimu. Mwaka 1955 alijipeleka mwenyewe hospitali kutibiwa uraibu wa dawa. Mwaka uliofuata akafariki, akazikwa na joho la Dracula. Inaniuma kila nikikumbuka.

Karloff hasemi neno hata moja katika Frankenstein, ananguruma tu. Mtazame pale mwanga unapomwangukia kutoka juu: anainua mikono ile mikubwa kuushika, kama mtoto mchanga. Unamhurumia kabla hujamwogopa. Yeye kazi hazikumkauka hadi uzeeni, alifariki 1969.

Mimi ningeanza na Karloff. Halafu tafuta The Black Cat ya 1934, wamo wote wawili.