ICD-10 kwa mafaili ya abiria: kitabu bado kinaishinda skrini

Kila mgeni anayeingia ofisi yetu ya rekodi za hospitali huuliza kwa nini bado naweka mezani lile dude la Juzuu ya Tatu, jalada limeshikiliwa na selotepu, ilhali kivinjari cha ICD-10, orodha ya Shirika la Afya Duniani ya misimbo ya magonjwa, majeraha na visababishi vyake, kinapatikana bure kwenye intaneti. Jibu ni ajali za barabarani. Malaria, nimonia, kisukari, hayo nayamaliza kwenye skrini bila kugusa karatasi. Likija faili la abiria, nafungua kitabu.

ICD-10 ina juzuu tatu: ya kwanza ni orodha ya misimbo, ya pili ni maelekezo, ya tatu ni faharasa. Kwenye faharasa, sehemu ya visababishi vya nje, kuna jedwali la ajali za nchi kavu, na kwangu jedwali hilo pekee linatosha kulipia kitabu kizima. Pembeni unatafuta majeruhi alikuwa kwenye chombo gani, juu unatafuta walichogongana nacho, vidole viwili vinakutana kwenye msimbo. Basi na lori, V74. Pikipiki na gari dogo, V23. Tuktuk na gari dogo, V33. Basi lililopinduka lenyewe, V78. Ukishazoea, unaona mantiki yake: tarakimu ya kwanza ni chombo cha majeruhi, 2 pikipiki, 3 magurudumu matatu, 4 gari dogo, 7 basi, ya pili ni kilichogongwa, na 8 ina maana hakukuwa na mgongano. Aliyelipanga alikuwa na kichwa.

Kivinjari, toleo la 2019, kinakupa orodha ya juzuu ya kwanza tu. Faharasa haimo, kwa hiyo jedwali nalo halimo. Unabaki kufungua V70, V71, V72, unasoma, unafunga, huku foleni ya mafaili ikikuangalia.

Sasa tarakimu ya mwisho, ile inayokuja baada ya nukta. Hapa ndipo abiria wanapogeuzwa madereva bila wao kujua. Kwa matatu, gari dogo na tuktuk, ajali ikitokea barabarani, .5 ni dereva na .6 ni abiria. Kwa pikipiki mambo yanahama: .4 ndiye mwenye boda na .5 ndiye abiria wake. Kwa hiyo mama aliyepakiwa kwenye boda pale Outer Ring akagongwa na Probox ni V23.5, na abiria wa matatu iliyogongana na lori Mombasa Road ni V74.6. Kijana mmoja wa mafunzo alishika .5 kichwani akaitumia kwa kila mtu, na jioni tukawa na matatu moja yenye madereva sita. Tulicheka, lakini si jambo dogo. Sheria ya Kenya ya bima ya magari, Sura ya 405, inamlinda abiria aliyelipa nauli kwa namna isiyo sawa na dereva aliyekuwa kazini, na muhtasari wa hospitali ni moja ya karatasi ambazo wakili ataomba.

Napenda pia kwamba orodha hii inaijua Nairobi kuliko waandishi wake walivyokusudia. Anayeumia akipanda au akishuka ana namba yake, .4 kwa basi. Aliyekuwa nje ya gari ana yake, .7. Yaani makanga anayening'inia mlangoni Jogoo Road ana nafasi rasmi kwenye kitabu kilichopitishwa Geneva mwaka 1990.

Kinachoniudhi ni matatu ya viti 14. Maelezo ya ICD-10 yanasema gari dogo ni la magurudumu manne, limeundwa hasa kubeba watu wasiozidi 10, halafu yanaingiza minibasi humo humo. Basi nalo ni la kubeba zaidi ya watu 10, na dereva wake anahitaji leseni maalumu. Hiace yetu je? Jina linaivuta kwenye V4, viti vinaivuta kwenye V7. Mimi nahesabu viti, naandika V7, na nimeibandika kauli hiyo ukutani ili tusiwe na wa zamu ya asubuhi anayeita basi na wa jioni anayeita gari dogo. Hospitali nyingine inaweza kuamua tofauti, na hilo ndilo tatizo.

Onyo kwa wanaokimbilia kutafuta misimbo kwenye mtandao: mara nyingi mnaletewa ya Marekani. Ukiona V43.62XA, hiyo ni ICD-10-CM, yenye tarakimu na herufi ambazo orodha ya Shirika la Afya Duniani haina. Inaonekana ya kitaalamu, inapendeza macho, na kwenye mfumo wetu inakataliwa.

ICD-11, toleo linalofuata, iliyoanza kutumika rasmi Januari 2022, nimeijaribu pia. Kwa jeraha lenyewe ni raha tupu. ICD-10 inakuambia S72.3, mfupa wa paja umevunjika katikati, lakini haisemi mguu upi. Kwenye ICD-11 unachukua NC72.5, unaunganisha XK9K, na kila mtu anajua ni kulia. Chombo chake cha kutafutia kinakupendekezea misimbo ukiwa bado unaandika. Kwa kisababishi, bado namkumbuka yule aliyepanga jedwali. Kama ofisi yenu inahamia ICD-11, msitupe Juzuu ya Tatu mpaka mafaili ya zamani yaishe.

Nyota: kitabu nne kati ya tano, nimekikata moja kwa ajili ya Hiace. Kivinjari tatu, kwa kuhakiki msimbo ambao tayari unao mkononi. Ukitafuta nakala, toleo la 2004 linatosha kwa jedwali, lakini msimbo wa mwisho uhakiki kwenye skrini.

Kitu ambacho hakuna juzuu linaloweza kukusaidia ni faili lililoandikwa "RTA", yaani ajali ya barabarani, na sahihi ya daktari, basi. Hapo unaangukia V89.2, ajali ya gari isiyoelezwa, na abiria wa boda, wa matatu na wa lori wote wanakuwa mtu mmoja. Mgonjwa akifariki ndiyo mbaya zaidi, kwa sababu takwimu za vifo hubeba msimbo wa V kama chanzo, wala si wa mfupa. Tumewaomba wenzetu wa chumba cha dharura maneno matatu tu: alipanda nini, wamegongana na nini, alikaa wapi. Wa zamu ya usiku wameanza kuandika. Wa mchana bado tunabembelezana.