Filamu ya chini ya dakika 1: L'Arroseur arrosé (1895)

Haya watazamaji wangu, karibuni. Leo msiinuke kwenda kuchukua chai, maana mkirudi filamu imeisha. Inaitwa L'Arroseur arrosé, yaani mmwagiliaji kamwagiliwa. Aliipiga Louis Lumière, mmoja wa waanzilishi wa sinema, huko Ufaransa, 1895.

Jamaa mwenye kofia anamwagilia bustani kwa mpira. Dogo anamnyatia kwa nyuma, anaukanyaga mpira. Maji yanakata. Jamaa anashangaa, anageuza mdomo wa mpira, anachungulia... mnajua kinachofuata. Dogo anainua mguu, maji pwaa usoni, kofia huyoo chini! Mimi nilimfanyia hivi mjomba wangu, kipigo chake nakikumbuka mpaka leo.

Sasa ngoja nisimamishe hapa. Dogo ametimua mbio, kidogo tu atoke kwenye picha. Mzee anamdaka, anamshika sikio, lakini hamchapi palepale. Anamburuta kwanza mpaka mbele yetu, ndipo anamtandika makalioni! Sababu ni kwamba kamera imesimama pale pale kwenye stendi yake, haigeuki. Wangemalizana pembeni tusingeona kitu. Yaani mzee ana hasira, na bado anatukumbuka sisi. Nimekirudia kipande hiki mara sita.

Na huyo si mwigizaji. Ni François Clerc, mtunza bustani wa familia ya Lumière kwelikweli. Mwangalieni anavyoushika mpira, hana haja ya kufundishwa.

Tarehe 28 Desemba 1895 ilionyeshwa kwenye mkahawa wa Grand Café, Paris, pamoja na nyingine tisa, kiingilio faranga 1. Zile nyingine nyingi ni watu na shughuli zao: wafanyakazi wanatoka kiwandani, mtoto mchanga analishwa. Hii ina kisa kilichopangwa, na wakati wa kuchora bango la matangazo, ndiyo iliyochorwa.

Kasoro ninazo, ila si za filamu, ni za wanaoipakia mtandaoni. Wengine wameikimbiza mpaka watu wanatembea kama kuku, wengine wameipaka rangi za kompyuta, majani yanang'aa kama plastiki. Na kile kicheko cha kubandikwa, jamani! Tafuteni nakala ya nyeusi na nyeupe, mwendo wa kawaida, mzime sauti. Hailipiwi, haki miliki ilishaisha zamani. Ukiwa na watoto nyumbani, waonyeshe, ila bomba la nje ufunge kwanza.