Kufunga kruzi kwenye gari la zamani: kipi ununue, kipi ukiache dukani

Ukitoka Dar kwenda Morogoro, kinachochoka kwanza ni mguu wa kulia. Si mbali, kama kilomita 190 hivi, lakini kila penye nyumba tano na genge la nyanya pana kibao cha 50, na penye kibao cha 50 hapakosi askari na tochi ya kupima mwendo. Mwendo hupanda wenyewe. Unawaza ada ya shule, unashtuka mshale uko 63, na trafiki aliye chini ya mwembe keshamaliza kazi. Elfu thelathini. Nilipolipa ya tatu ndani ya safari mbili, nikaamua gari langu lipate kruzi kontroli, kifaa kinachoshika mwendo uliouweka bila mguu wako kukaa kwenye mafuta.

Gari lenyewe ni Axio, NZE141 ya mwaka 2008, injini 1NZ. Lilikuja kutoka Japani bila kruzi, kama magari mengi ya bei yetu. Katika kutafuta nimezunguka maduka, nimeharibu pesa kidogo, na nimefunga mbili: moja kwenye hilo Axio, nyingine kwenye Hilux ya shemeji yangu. Hapa chini napanga machaguo kwa daraja, kuanzia ninalokushauri hadi lile ambalo hata ukipewa bure ulirudishe.

Fungua boneti kabla ya pochi

Swali la kwanza ni moja tu: pedeli ya mafuta inaongea na injini kwa kebo au kwa umeme? Fuata lile bomba pana jeusi litokalo kwenye ea klina hadi linapokutana na injini. Hapo pana throto, kipande cha aluminiamu kinachopimia injini hewa. Ukiona kebo ya chuma imezungukia kigurudumu kidogo pembeni yake, una gari la kebo. Ukiona soketi ya umeme tu, basi ni la umeme. Ukiwa na shaka, injini ikiwa imezimwa mwambie mtu akanyage mafuta: kigurudumu kikicheza, ni kebo.

Usijibu swali hili kwa kutazama mwaka wa gari. Toyota walihama kidogo kidogo miaka ya 2000, na injini ya jina lile lile, hiyo hiyo 1NZ, utaikuta na kebo kwenye gari hili na bila kebo kwenye lile. Muuza spea atakwambia "zote zinaingiliana, bosi." Haziingiliani.

Jambo la pili ni kigezo nilichopangia orodha hii. Kushika mwendo ni kazi rahisi, hata tofali juu ya pedeli linashika mafuta. Pesa yako inakwenda kwenye kuachia: ukigusa breki, ukikanyaga klachi, waya ukikatika, kifaa kiachie papo hapo bila kubishana na mguu wako. Kinachoachia vizuri nimekiweka juu, kinachoachia kwa bahati nimekiweka chini.

Namba moja: mkono wa Toyota wenyewe

Kwa Toyota za throto ya umeme, uwezo wa kruzi mara nyingi umo tayari ndani ya kontroli boksi, yaani kompyuta ya injini. Kiwanda kiliuandika, kisha gari likauzwa bila swichi ili lishuke bei. Unachonunua ni swichi tu: kile kijimkono kifupi kinachokaa upande wa kulia chini ya usukani na kuzunguka nao. Kina namba yake, 84632-34011 au 84632-34017, na hicho hicho kimetumika kwenye aina nyingi za Toyota. Ukifika Shaurimoyo pale Ilala, au ukiwa Nairobi ukaingia Kirinyaga Road, taja namba. Ukisema "swichi ya kruzi" utaletewa hata ya waipa.

Mpya halisi ni ghali. Nakala za Kichina ni rahisi, na nimeona zinazofanya kazi sawasawa, ila plastiki yake ina mng'ao wa kitoto. Mimi hupendelea ya mtumba iliyotolewa kwenye gari la Japani, kwa sharti moja: uende na mita ya kupimia umeme. Ndani ya mkono huo hakuna kompyuta, kuna vizuizi vya umeme tu. Weka mita kwenye omu, kipimo cha ukinzani wa umeme, gusa pini za swichi. Bila kubonyeza chochote mawasiliano yasiwepo. Bonyeza kitufe cha kuwasha, isome karibu na 0. Sukuma juu kwenye RES (kurudisha au kuongeza mwendo), isome karibu 240. Sukuma chini kwenye SET (kuweka mwendo), karibu 630. Vuta kwako kwenye CANCEL (kufuta), karibu 1,540. Namba zikirukaruka huku umeshikilia, shaba za ndani zimelika. Rudisha.

Naandika haya kwa uchungu. Mkono wangu wa kwanza niliununua kwa macho, ukiwa msafi kama umetoka kwenye boksi. Ukaweka mwendo vizuri, ukaongeza vizuri, ukakataa kufuta. Breki zilikuwa zinaukata, kwa hiyo hatari haikuwapo, ila kila nikitaka kuachia ilinibidi niguse breki na kumtisha aliye nyuma yangu. Muuzaji aliniambia ndivyo zilivyo. Wa pili niliupima juu ya meza yake kabla ya kutoa 85,000.

Kufunga ni kazi ya fundi umeme wa magari anayejua eabegi. Gereji bubu yenye nyundo na ujasiri siyo mahali pake. Terminali hasi ya betri inatolewa, halafu mnasubiri sekunde 90 zisizopungua ili umeme uliobaki kwenye mfumo wa eabegi uishe. Fundi akianza kufungua kabla ya hapo, mwite mnywe soda. Skrubu za pembeni mwa usukani ni za nyota, T30. Zikilegezwa eabegi inatoka mbele, soketi yake ya njano inachomolewa, na inawekwa pembeni uso ukitazama juu. Mkono unashikwa kwa skrubu mbili ndogo, na kifuniko cha nyuma ya usukani kinakatwa tundu kwa kisu. Kwangu kazi ilichukua saa mbili, kwa sababu waya wa kutoka kwenye ule utepe uliojikunja nyuma ya usukani kwenda kontroli boksi haukuwapo. Magari mengine yanao, mengine hayana. Fundi aliupitisha mmoja, akaunga kwenye pini aliyoisoma kwenye mchoro wa waya wa gari hilo hilo. Mchoro, si kumbukumbu. Nilimlipa 50,000 na hakuna aliyelalamika.

Kitu kimoja kikague kabla hujanunua chochote: swichi ya breki iliyo juu ya pedeli. Yenye waya nne ina njia mbili, moja ya taa na moja ya kuiambia kontroli boksi kwamba breki imeguswa. Yenye waya mbili itabidi ibadilishwe pamoja na nyaya zake, na gharama inabadilika.

Kruzi ya Toyota hukubali kuanzia kama kilomita 40 kwa saa, kwa hiyo ile 50 ya vijijini unaiweka bila shida, na mwendo ukishuka zaidi ya kilomita 16 chini ya ulioweka inajizima yenyewe. Ndiyo maana iko juu ya orodha. Kila njia ya kuachia iliandikwa na watu wale wale waliotengeneza injini.

Wenye magari mengine: Golf 5 nayo hupokea mkono wa kiwandani, ila baada ya kufunga lazima gari lifunguliwe uwezo huo kwa kompyuta. Usinunue mkono kabla hujampata mwenye kompyuta hiyo.

Namba mbili: seti inayochomekwa kwenye pedeli

Hii ni kwa gari la throto ya umeme ambalo kontroli boksi yake haijui kruzi kabisa. Kisanduku kidogo kinakaa kati ya soketi ya pedeli na waya zake, kinasoma mwendo, na kuidanganya kontroli boksi kwamba mguu wako umekanyaga kiasi fulani. Rostra ya Marekani wana seti za aina hii, na Australia kuna AP900. Tegemea dola 200 na kitu kwenda juu, kabla ya usafiri na ushuru.

Zinafanya kazi. Kasoro yake ni kwamba lazima iwe ya gari lako hasa, kwa sababu soketi za pedeli hutofautiana, na ikifa barabarani fundi wa Gairo hataijua. Omba muuzaji akuonyeshe waya wa breki unaungwa wapi. Akisema hauhitajiki, funga mazungumzo.

Namba tatu: mota ya umeme kwa gari la kebo

Hapa ndipo ilipoangukia Hilux ya shemeji, dizeli ya zamani yenye pampu ya kimakanika. Seti huja na mota ndogo inayofungwa chini ya boneti, ikivuta kebo yake yenyewe iliyounganishwa na mkono wa mafuta kwa kijinyororo cha shanga. Rostra 250-1223 ndiyo inayojulikana zaidi katika kundi hili.

Mambo matatu yalitusumbua, na yatakusumbua na wewe. La kwanza ni kusoma mwendo. Kama gari lako lina sensa ya mwendo ya umeme, unaunga hapo na kupanga swichi ndogo za seti kulingana na idadi ya mapigo ya umeme yanayotolewa na sensa hiyo. Kama spidomita yako inazungushwa na kebo, unafunga sumaku kwenye propela shafti na sensa jirani yake. Tope la masika likizifunika si neno, ila waya ukining'inia utang'olewa na jiwe la kwanza.

La pili ni klachi. Gari la manyo bila swichi ya klachi litakupigia kelele siku utakayobadilisha gia kruzi ikiwa kazini, kwa sababu mota itaendelea kuvuta mafuta huku injini haina mzigo. Swichi hiyo huuzwa kando kwenye seti nyingi. Nunua.

La tatu lilitula siku nzima. Kila kitu kimefungwa, taa inawaka, kruzi haishiki. Tukabadilisha waya, tukabadilisha fyuzi, fundi akaanza kusingizia betri. Kosa lilikuwa nyuma ya gari: shemeji alikuwa ameweka balbu za LED kwenye taa za breki. Seti hizi hupata hasi yake kupitia nyuzi za balbu ya kawaida, na LED haipitishi ipasavyo, kwa hiyo kifaa huamini breki imekanyagwa muda wote. Tulirudisha balbu za kawaida. Anayezitaka LED zake aweke rilei, swichi ndogo inayoendeshwa na umeme.

Na kile kijinyororo kikague kwa mkono wako mwenyewe. Kilegee kidogo, kisiguse waya wala bomba lolote. Kikikwama mahali, mafuta yatabaki wazi, na hapo hakuna swichi ya breki itakayokusaidia.

Namba nne: za vakyumu

Ni za kale na kwenye petroli ya kebo bado zinafanya kazi, lakini nguvu zake zinatoka kwenye vakyumu, yaani mvuto wa hewa wa injini, nao hupungua pale pale unapopanda mlima. Kwenye injini ya dizeli kama 1HZ ya Toyota mvuto wenyewe unatoka kwenye pampu iliyoko kwenye alteneta, ambao ndio unaolainisha breki zako. Sitaki kifaa cha starehe kishiriki chakula na breki. Kama umeikuta kwenye gari na inafanya kazi, iache. Kununua mpya, hapana.

Ya kuiacha dukani

Vile vidude vya kuongeza wepesi wa pedeli ambavyo baadhi vina kitufe kilichoandikwa kruzi. Hivyo havisomi mwendo wa gari, vinashika nafasi ya pedeli. Kwenye tambarare utafurahi. Ukianza kuteremka gari linakimbia, ukipanda linachoka. Usivichanganye pia na kidhibiti mwendo cha mabasi, kile cha kilomita 80 kwa saa. Hicho kinazuia kupita kiwango, mguu bado ni wako.

Na wale wanaouliza kuhusu kruzi ya rada inayofuata gari la mbele: gari lako la zamani halina rada, halina breki za kuamriwa na kompyuta, na kulifungia hivyo utatumia pesa ya kununua Harrier yenye kruzi ya kawaida kutoka kiwandani. Kama ulikuwa unafikiria kuuza gari mwakani, subiri ununue linalokuja nayo.

Kruzi yenyewe, nikukumbushe, ilibuniwa na Ralph Teetor, mhandisi Mmarekani aliyekuwa kipofu tangu utoto. Inasemekana alichoshwa na wakili wake, ambaye akiongea gari linapungua, akinyamaza linaongezeka. Hataza yake ni ya 1950, na Chrysler wakaiweka kwenye magari ya 1958. Asiyeona ndiye aliyeusikia mguu wa dereva kwa mwili. Mke wangu hakujua nimefunga kitu. Tulipofika Chalinze aliuliza mbona leo hajasikia kichefuchefu.

Siku ya kupokea gari kwa fundi

Usilipe gari likiwa gereji. Nendeni barabara iliyonyooka, kavu, isiyo na matuta, asubuhi kabla ya malori. Weka 60. Gusa breki kwa ncha ya kiatu, kiasi cha kuwasha taa tu, gari lisipungue: kruzi ikate hapo hapo. Weka tena, kanyaga klachi au sogeza gia kwenda N, ikate. Weka tena, vuta CANCEL, ikate. Kisha fundi akae nyuma ya usukani na wewe ushuke, utazame taa za breki kama zote zinawaka. Ikichelewa hata mara moja kati ya hizo, rudini gereji na pesa ikiwa bado mfukoni mwako.