Kibati cha kidole cha famasi: uzoefu wangu baada ya kuteguka kidole Mwaloni

Kama umeteguka kidole na unajiuliza ununue kile kibati cha aluminiamu chenye sponji ya bluu, mi nasema nunua, ila usikae nacho sana. Nafanya biashara ya dagaa hapa Mwaloni Kirumba, soko la samaki la Mwanza, kidole changu cha pete kilinaswa na kamba wakati boti inafungwa, boti ikarudi nyuma kidole kikavutwa kwenda pembeni, nikasikia kabisa kitu kimevutika pale kiungo cha katikati.

Kabla ya dawa yoyote toa pete. Yangu niliitelezesha na sabuni palepale, maana muda si mrefu kiungo kilivimba mpaka mikunjo ya ngozi ikapotea, ingebaki humo tungetafuta wa kuikata. Barafu kwetu sio shida, ile ya kupakia sangara unaomba tu unapewa, unaitia kwenye nailoni unazungushia kitambaa, unaweka dakika 15 hadi 20 unatoa, baada ya masaa mawili matatu unarudia, na mkono uwe juu juu usiuning'inize. Sasa hapo kila anayepita ni daktari, mama mmoja wa meza ya jirani alishapaka mafuta mikononi, "lete ng'wanawane (mwanangu) nikivute kirudi", nikamwambia asante mama, mkono nikauficha nyuma. Kidole kilichoumia leo hakichuliwi wala hakivutwi bwana, kama mfupa una ufa ndio unaumalizia.

Mi nilikuwa naweza kukunja na kunyoosha japo kwa tabu, maumivu yalikuwa ubavuni mwa kiungo ukibonyeza, na nikikunja ngumi vidole vyote vinalala sawa. Ila kama kidole kimepinda, au ukikunja ngumi kinapanda juu ya cha jirani, au ncha imeinama na haijinyooshi yenyewe, au kina ganzi, kimepauka, kuna kidonda, hiyo sio ya famasi, nenda hospitali. Mi mwenyewe nilienda tu kupiga eksirei kwa ajili ya uhakika, mfupa mzima, ni kano za pembeni zimevutika.

Haya kibati chenyewe. Bei yake ni kama sahani ya ugali sato, unakata kwa mkasi wa kawaida, unakikunja kifuate kidole, unafunga na plasta basi. Siku za mwanzo kilinisaidia sana hasa usiku, ukijigeuza kidole hakishtuki. Ubaya wake ukishakata yale makali yanabaki, inabidi uyafunike na plasta, halafu ile sponji inanyonya maji, na kwa mtu wa dagaa aisee inanuka mpaka nyumbani wanakuhamisha upande wa kukaa. Nilimuuliza muuzaji kinakaa muda gani akajibu "mpaka upone". Hapana. Daktari alishanieleza ni siku chache tu, kiungo cha katikati kikinyooshwa muda mrefu kinakakamaa, na kukilainisha ni kazi kuliko hata huo uvimbe. Wanaovaa wiki 6 mpaka 8 bila kuvua ni wale wa ncha iliyoinama, kwao kano ya kunyoosha imeachia, usichanganye.

Kilichonitoa hasa ni plasta ya kitambaa. Unafunga kidole kibovu pamoja na cha kati, gozi kidogo (kile kitambaa laini cha kufungia vidonda) katikati ili jasho lisichubue ngozi, plasta moja juu ya kiungo na nyingine chini yake, kiungo chenyewe unakiacha wazi kikunjike. Usikaze, bonyeza kucha uachie, rangi ikichelewa kurudi legeza. Hapo nikaanza kukunja na kunyoosha taratibu huku napima dagaa kama kawaida, magunia tu ndio niliwaachia vijana. Maumivu nilimezea panadol, zile diclofenac sikugusa kwa sababu nina vidonda vya tumbo.

Sasa hivi nafunga ngumi vizuri, kauvimbe kidogo bado kapo na daktari kasema kanaweza kukaa miezi. Kibati nakipa 3 kwa 5, plasta 5 kwa 5. Na ukienda kununua jaribisha kwanza upana, vipo vyembamba na vipana, yule muuzaji wangu alinipa tu cha juu ya rafu.