Diski tatu za Gaston Modot, kutoka filamu bubu hadi filamu za sauti

Nilinunua diski hizi tatu kwa mkupuo mmoja kwa sababu moja tu: katika kila moja anaigiza Gaston Modot, Mfaransa ambaye watazamaji wengi wa sinema ya zamani wanaijua sura yake bila kulijua jina lake. Katika diski mbili kati ya hizo jina lake halimo hata upande wa mbele wa jalada, jambo ambalo naliona kuwa ni dhuluma kwa mtu aliyefanya kazi hiyo kwa miongo kadhaa.

Modot alizaliwa Paris mwaka 1887, na kabla ya Vita Kuu ya Kwanza alikuwa katika kampuni ya filamu ya Gaumont, kwenye kikundi cha Jean Durand kilichotengeneza vichekesho vya mhusika aitwaye Onésime, ambavyo waigizaji wake waliishi kwa kuruka, kuanguka na kuvunja samani. Baadaye alionekana katika Fièvre ya Louis Delluc (1921) na Le Miracle des loups ya Raymond Bernard (1924). Sauti ilipoingia alikuwa ameshazoea kusema kwa mabega, shingo na viganja, na ndiyo maana nazipendekeza diski hizi kwa yeyote anayetaka kuona ujuzi wa filamu bubu ulivyoendelea kufanya kazi baada ya filamu bubu zenyewe kwisha.

Ya kwanza ni Sous les toits de Paris, aliyoiongoza René Clair mwaka 1930. Modot ni Fred, mhuni wa mtaani anayemwibia binti aitwaye Pola ufunguo wa chumba chake. Clair hakuyaamini sana maneno. Mara kwa mara anawaweka watu nyuma ya mlango wa kioo wakizungumza bila sisi kusikia lolote. Katika ugomvi wa usiku kando ya reli, treni inapita na kishindo chake kinafunika kila sauti nyingine, kisha taa ya barabarani inavunjwa kwa risasi, na kinachobaki ni miili inayosogea gizani. Picha ya diski hii imesafishwa vizuri kiasi kwamba mvuke wa treni unaonekana tabaka kwa tabaka. Kasoro yake ni maandishi ya tafsiri ya Kiingereza, ambayo katika nakala yangu yanachelewa kidogo nyuma ya mazungumzo, na nyimbo hazikutafsiriwa kabisa, ilhali mhusika mkuu ni mwimbaji wa mitaani.

L'Âge d'or ya Luis Buñuel, ya mwaka huohuo, ilimpa Modot nafasi ya mbele ambayo hakuipata mara nyingi. Anampiga mbwa teke, anamkanyaga mdudu, anamwangusha kipofu, na anamzaba kofi mama mwenye nyumba aliyemmwagia kinywaji mkononi. Filamu ilipigwa marufuku Paris mwezi Desemba 1930, baada ya wafuasi wa vikundi vya mrengo wa kulia kuuvamia ukumbi wa Studio 28. Sauti ya diski ni nyembamba na ina mkwaruzo, lakini sidhani kama mtengenezaji anastahili lawama kwa hilo.

Pesa yangu ilirudi hasa katika diski ya tatu, La Règle du jeu ya Jean Renoir (1939). Hapa Modot ni Schumacher, mlinzi wa wanyama katika shamba la kabaila huko Sologne, Ufaransa, mume mwenye wivu ambaye mke wake, Lisette, anachekeana na jangili Marceau. Katikati ya karamu Schumacher anamkimbiza Marceau kwa bastola kati ya wageni, na Modot anaigiza kwa uzito kamili, bila kutafuta kicheko, ingawa kila kitu kinachomzunguka ni kichekesho. Muda mfupi baadaye, Schumacher akiwa ameshafukuzwa kazi, Marceau anamkuta nje usiku, amejiegemeza kwenye mti, analia. Nimekirudia kipande hicho mara nne. Mtu aliyekuwa anatisha dakika chache zilizopita anaonekana amepungua kimo, na Modot hakuhitaji sentensi hata moja kutuonyesha hivyo.

Toleo lililomo ni lile la dakika 106, lililounganishwa upya mwaka 1959 baada ya negativu ya awali, yaani filamu asili ambayo nakala huchapwa kutoka kwake, kuteketea kwa mabomu wakati wa vita, kwa hiyo ubora wa picha unapanda na kushuka kutoka onyesho moja hadi jingine. Mnunuzi asishtuke. Nyongeza za diski ni nyingi, lakini zote zinamhusu mwongozaji. Juu ya Modot hakuna hata dakika tano.

Anayeweza kununua moja tu anunue hii ya tatu. Mimi sasa natafuta nakala safi ya La Grande Illusion (1937), ambamo Modot, akiwa mfungwa wa vita ambaye kitaaluma ni mhandisi, anamwosha miguu Jean Gabin aliyejeruhiwa mkono.