Kuipiga picha pentasini: mkondo au nguvu?

Pentasini ni molekuli ya pete tano za kaboni zilizopangwa mstari mmoja, C22H14, yenye urefu wa takriban nanomita 1.4. Hutumika kama semikondakta (kitu kinachopitisha umeme kwa kiasi) katika transista, yaani swichi ndogo za umeme, za majaribio. Kuna njia mbili za kuitazama ikiwa peke yake, na picha zake hazifanani hata kidogo.

Hadubini ya mkondo hupitisha elektroni, yaani mkondo wa umeme, kati ya ncha ya chuma na molekuli. Mwaka 2005 watafiti wa kampuni ya kompyuta ya IBM karibu na Zürich, Uswisi, waliilaza pentasini juu ya utando mwembamba wa chumvi ya kawaida uliotandazwa kwenye shaba, ili elektroni za shaba zisiivuruge. Wakaona mawingu ya elektroni zake, yaani maeneo zinakopatikana; ukibadilisha volti, wingu jingine hujitokeza. Pete zenyewe huzioni.

Hadubini ya nguvu haihitaji mkondo. Ncha hutikisika, na kasi ya mtikisiko hubadilika kadiri atomi zinavyoisukuma au kuivuta. Ugumu uko nchani: chuma kitupu huinasa molekuli au kuisogeza. Mwaka 2009 Leo Gross na wenzake, pia wa IBM, walibandika molekuli moja ya kaboni monoksaidi kwenye ncha, kwenye baridi ya takriban kelvini 5 (karibu nyuzi 268 za Selsiasi chini ya sifuri). Pete zote tano zikaonekana waziwazi.

Kwa umbo, nachagua nguvu. Anayetaka kujua jinsi umeme unavyoingia na kutoka, mkondo ndio wenye jibu. Tena kifaa kimoja chaweza kufanya yote mawili.