Fuliza: siku tatu inakufaa, mwezi mzima inakukamua

Fuliza ni ovadrafti, na wengi wanaoumizwa nayo ni wale wanaoichukulia kama mkopo wa mwezi. Unatuma pesa au unalipia kitu kwa M-Pesa, salio halifiki, benki inaziba pengo na malipo yanapita. Safaricom, kampuni ya simu ya Kenya, iliizindua Januari 2019, na walio nyuma yake ni benki za NCBA na KCB. Ukishajiunga kupitia *334# au programu ya M-Pesa unapewa kikomo chako, yaani kiasi cha juu unachoweza kuvuta. Kwa wakala huwezi kuitoa taslimu: inatuma kwa mtu, inalipa Paybill (namba ya malipo ya kampuni), inalipa till ya duka.

Kwa kazi hiyo ya kuziba pengo, hakuna huduma ya benki ya kawaida inayoikaribia kwa wepesi. Tokeni za stima zimeisha usiku na M-Pesa ina Sh140: unaweka PIN, taa inawaka. Hakuna fomu wala mdhamini. Sifa hiyo inastahili kutajwa kwanza, kwa sababu kinachofuata ni hesabu, na hesabu yake si nzuri kwa kila mtu.

Kuna ada mbili. Ya kwanza ni asilimia 1 ya kiasi ulichovuta, na inahesabiwa papo hapo hata ukilipa baada ya dakika kumi. Ya pili ni ya kila siku, na hii ndiyo yenye meno. Kwa viwango vilivyopunguzwa Oktoba 2022, Sh100 kushuka chini haina ada ya siku. Kuanzia Sh101 hadi 500 ni Sh3 kwa siku, kisha hadi 1,000 ni Sh6, hadi 1,500 ni Sh18, hadi 2,500 ni Sh20, na kutoka hapo hadi Sh70,000 ni Sh25. Pesa ndogo, zisizovuka Sh1,000, zimepewa pia siku tatu za mwanzo bila ada ya siku.

Sasa angalia pale penye Sh1,000. Ukivuka kidogo tu, ada ya siku inaruka kutoka Sh6 hadi Sh18, na zile siku tatu za bure zinapotea. Chukua watu wawili waliokaa na deni siku saba. Aliyevuta Sh950 analipa Sh9.50 ya mwanzo na Sh6 kwa siku nne, jumla Sh33.50. Aliyevuta Sh1,100 analipa Sh11 na Sh18 kwa siku saba, jumla Sh137. Tofauti ya walichokopa ni Sh150. Tofauti ya ada ni zaidi ya Sh100. Hapa ndipo mama mboga anayeongeza stoki kidogo kwa Fuliza anapopoteza faida ya siku nzima bila kujua imeenda wapi.

Na kuna mtego mdogo ndani yake. Fuliza hulipia pia gharama ya kutuma. Huna kitu kwenye M-Pesa, unamtumia mtu Sh1,000 kamili ukidhani umebaki chini ya mstari. Gharama ya kutuma kiasi hicho ni Sh13, kwa hiyo umevuta Sh1,013. Soma ujumbe unaoingia: unataja kiasi cha Fuliza, halafu ada ya asilimia 1, Sh10.13, halafu jumla ya deni, Sh1,023.13, na tarehe ya mwisho ya kulipa. Watu wengi wanaufuta ujumbe huo bila kuusoma kwa kuwa ule wa malipo kupita umeshafika. Ukitaka kubaki upande wa nafuu, ishia Sh900 hivi, usigombanie shilingi za mwisho.

Ukienda hadi siku thelathini, picha inakuwa mbaya zaidi kwa mwenye mahitaji madogo. Sh500 inazaa ada ya Sh86. Sh2,000 inazaa Sh620, karibu theluthi ya ulichokopa. Lakini Sh20,000 inazaa Sh950 tu, chini ya asilimia 5, maana ada ya Sh25 kwa siku ni ileile kwa anayedaiwa Sh3,000 na anayedaiwa Sh70,000. Hilo ni kasoro ya muundo, na si haki: mwenye kikomo kidogo ndiye anayelipa bei ya juu kwa kila shilingi. Punguzo la 2022 lilisaidia wa chini ya Sh1,000. Wa Sh1,001 hadi 2,500 waliguswa kidogo kuliko hao.

Ulipaji ndio sehemu inayozua kelele nyingi. Pesa yoyote ikiingia M-Pesa yako, Fuliza inachukua chake kwanza, iwe umeiweka mwenyewe kwa wakala au umetumiwa. Ujumbe utakuambia deni limelipwa lote au sehemu, na kikomo kilichobaki. Haiulizi pesa ni ya nani. Mweka hazina wa chama mwenye deni la Fuliza akipokea michango kwa laini yake binafsi, michango ya wenzake itamezwa, na atajikuta akiwaeleza wanachama jambo lisiloelezeka. Ukiwa na deni, pesa ya watu ipite kwa laini nyingine au moja kwa moja kwenye akaunti ya kikundi.

Kumezwa huko kuna tatizo la pili. Mshahara au mauzo yameingia, deni limelipwa, salio limebaki sufuri, na jioni unahitaji unga. Unavuta tena, na asilimia 1 inakatwa upya. Anayevuta Sh800 mara kumi kwa mwezi amelipa Sh80 za mwanzo peke yake, hata kama hakuna deni lililodumu siku tatu. Jina lenyewe, kufuliza, ni kuendelea kufanya jambo bila kukoma, na ndivyo watu wanavyoitumia.

Muda wa kulipa ni siku 30. Ukipita hapo unahatarisha kikomo chako na jina lako kwa mashirika ya taarifa za mikopo, yaani CRB, ambako benki nyingine zitalikuta ukiomba mkopo wa maana. Usiache deni dogo likafika huko kwa uvivu tu.

Hukumu yetu: kwa pengo lisilozidi Sh900 litakalozibwa ndani ya siku tatu, itumie bila hofu. Kwa Sh1,001 hadi 2,500 kwa zaidi ya siku mbili, tafuta njia nyingine, hata mkopo wa chama au sacco. Kwa kiasi kikubwa, linganisha kwanza na mkopo wenye ada moja inayojulikana mwanzoni.

Na ikiwa kikomo kinakushawishi zaidi ya kinavyokusaidia, kujitoa kunawezekana. Lipa deni lote, piga *334#, ingia sehemu ya Fuliza na uchague kujiondoa. Humo humo ndimo pa kuulizia ada za siku kabla hujavuta.